Umri wa Kuhamia kwa Baba

Hesabu hazijawahi kunishinda hata siku moja. Kila zilipoonyesha dalili ya kutaka kunishinda, niliomba ruhusa ya kwenda chooni, na huko nilikaa mpaka nisikie wenzangu wameanza somo la kuimba. Ndivyo nilivyomaliza darasa la saba. Kwa hiyo ukiona namba imepinda mahali fulani humu, usiseme ni uzee. Ni msingi.

Kazi yangu ni kupiga pasi. Chumba cha mbele kina dirisha la barabarani, meza ndefu niliyoivika blanketi na shuka juu yake, pasi ya umeme, na pasi ya mkaa kwa siku ambazo umeme umeamua kwenda matembezini. Chumba cha nyuma tunalala mimi na mjukuu wangu. Mtaa mzima unamwita Bi Kwanini, na hakuna haja ya kueleza sababu. Ukieleza, atakuuliza kwa nini umeeleza.

Mama yake alifariki yeye akiwa bado anatambaa. Baba yake ni mwanangu, kitindamimba wangu, fundi wa lifti katika mji ulio mbali na hapa mwendo wa asubuhi nzima kwa gari. Aliniletea mtoto akiwa amemfunga kwenye shuka la kitanda, akasema ni kwa muda, mpaka ajipange. Basi amekuwa akijipanga tangu siku hiyo. Mtu akijipanga kiasi hicho, unategemea siku moja atatokea amenyooka kama kola niliyoitia wanga.

Nyuma ya mlango wa chumba chetu kuna msumari, na kwenye msumari kuna begi jekundu. Ndani ya begi kuna gauni la safari. Gauni hilo nimelipiga pasi kuliko nguo ya mteja yeyote, kwa sababu nguo ikikaa imekunjwa inashika mikunjo, na mwenyewe hataki kufika kwa baba yake akiwa na mikunjo. Likimbana tunampa mtoto wa jirani, tunatafuta jingine. Watoto watatu wa mtaa huu wamevaa magauni ya safari ambayo haikuwahi kufanyika.

Kila baba yake akipita, Bi Kwanini humwuliza lini. Naye kila mara ana jibu, tena jibu la mtu msomi, lenye sababu na namba. Mtoto alipokuwa na miaka tisa aliambiwa kwamba kwenye jengo analoishi baba yake, ghorofa ya juu kabisa, mtoto hapandi lifti peke yake mpaka afikishe miaka kumi na mitatu. Ndiyo sheria ya jengo, na nani angekuwa wa kumpandisha na kumshusha kila siku wakati watu wako kazini? Asubiri kumi na mitatu. Mtoto akafurahi. Mimi nilitaka kuuliza kama jengo hilo halina ngazi, lakini nilikuwa na shati la mteja mkononi, na shati jeupe halingoji mtu amalize kubishana.

Akawa anasubiri. Sasa ana kumi na miwili. Kila mwezi anasimama kwenye mwimo wa mlango nimwekee alama ya kimo, utafikiri lifti inapima kwa urefu.

Basi mwaka huu mwalimu wao wa hesabu, binti mwembamba anayeniletea sketi za marinda, na marinda ni adhabu kwa mpiga pasi, akawaingiza kwenye hesabu za kutolingana. Bi Kwanini alirudi nyumbani macho yanamng'aa. Akanieleza kwamba kuna hesabu ambazo alama ya sawasawa imefukuzwa, na mahali pake pamekaa mdomo. Mdomo ulioachama unaelekea kwa mkubwa, na ncha inamchoma mdogo. Nikamwambia hiyo si hesabu, hiyo ni dunia, na mimi nimeisoma bila mwalimu.

Akasema ngoja, bado. Kuna za mipaka miwili. Kitu kinatakiwa kizidi hapa na kisizidi pale, vyote kwa pamoja. Hiyo inaunganishwa na "na". Au kitu kinatakiwa kiwe chini ya hapa ama juu ya pale, kimojawapo. Hiyo inaunganishwa na "au". Na mwalimu amewakataza kuchukua mifano kwenye kitabu. Amewaambia waichukue kwenye midomo ya watu wa nyumbani na wa mtaani, maana watu wanaongea mipaka kutwa nzima bila kujua, kisha waigeuze iwe alama na kuichora kwenye mstari wa namba. Mifano mitatu.

Wa kwanza aliutoa kwangu. Aliniuliza shati la pamba nalipiga pasi kwenye namba ngapi. Nikamwambia kitufe kikiwa kwenye tatu, mikunjo inakucheka. Lazima kipite tatu. Lakini kisipite tano, kikipita tano unamtafuta mwenye shati umwombe radhi. Akachukua chaki ya kuwekea alama nguo, akachora mstari juu ya shuka la meza yangu ya kazi, akaandika namba, akaweka kiduara kitupu juu ya tatu, kwa sababu tatu yenyewe haimo, na kiduara kilichojazwa juu ya tano, kwa sababu tano imo. Katikati akakoleza. "Humu ndimo shati linapopona," akasema. Nikapenda. Nikamwambia asifute.

Wa pili aliutoa kwa Mkasi, fundi cherehani wa jirani. Mkasi huwa ana vipande vya suruali alivyokwisha kuvikata tayari, na huwaambia wateja kwamba kiuno kikipungua inchi ishirini na nane au kikizidi arobaini na mbili, hana kipande, wakae wasubiri akate upya. Hiyo ikawa ya "au": mishale miwili, mmoja unakwenda kushoto, mwingine kulia, katikati patupu. Mkasi akataka kujua mimi niko upande gani wa mstari. Nikamwambia mimi niko upande ambao chaki yenyewe iliisha kabla ya kunifikia.

Wa tatu alisema anao tayari, wa baba.

Meza ile mnajua ilivyo, nusu ya mtoto, nusu yangu. Mimi napiga pasi mashuka ya nyumba ya wageni upande huu, yeye anachora upande ule. Alikuwa anajisomea kwa sauti, kama mtu anayehesabu nguo za zawadi. Umri wa kuhamia kwa Baba. Sharti la kwanza, la lifti: uwe kumi na mitatu au zaidi. Sharti la pili.

Hilo la pili baba yake alikuwa amelitoa juzijuzi, kwenye simu, wakati mtoto anamkumbusha kwamba kumi na mitatu inakaribia. Alipumua kwa nguvu, pumzi ya mtu mwenye shughuli nyingi, akasema tatizo sasa ni shule ya kule. Haipokei mwanafunzi mgeni aliyezidi miaka kumi na miwili. Ndiyo maana anahangaika, akasema. Mtoto alinipa simu akiwa anamhurumia baba yake kwa jinsi anavyohangaika.

Akachora. Kwenye kumi na tatu akaweka kiduara, akakijaza, akapiga mshale kuelekea dirishani. Kwenye kumi na mbili akaweka kiduara, akakijaza, akapiga mshale kuelekea mlangoni. Kisha akanyanyua chaki atafute pa kukoleza, mahali mishale miwili inapopita pamoja.

Nilisikia chaki imenyamaza. Nilipoinua macho, alikuwa ameinama anatazama ile nafasi kati ya kumi na mbili na kumi na tatu, nafasi ya kidole kimoja, kama mtu aliyeangusha sindano.

Akafuta kwa kiganja. Akachora upya. Mishale ikapeana migongo vilevile.

"Bibi," akasema, "hii nimeikosea."

Nikamwambia labda. Akafuta tena. Akasema labda alisikia vibaya, labda Baba alisema lifti ni miaka kumi, si kumi na mitatu. Mimi nilikumbuka vizuri, hata shati nililokuwa nimeshika siku hiyo nalikumbuka, lakini nikasema labda. Alama za kimo zilikuwa pale kwenye mwimo wa mlango, zote zinapanda kuelekea kumi na tatu. Nilikunja shuka moja mara nne, nikalikunjua, nikalikunja tena.

Kesho yake alimwuliza mwalimu. Mwalimu alipokuja kuchukua sketi zake, alinieleza mwenyewe. Mtoto alimwuliza, kama namba hakuna kabisa, mtu anaandika nini? Mwalimu akamjibu kwamba anaandika "hakuna", na hilo nalo ni jibu kamili, linapewa alama zote. Lakini akamshauri arudi kwa aliyesema, amwulize vizuri, kwa sababu watu wazima huongea haraka. Mwalimu hakujua ni maneno ya nani. Nilimwangalia usoni nikaona hajui, nikampa sketi yake, marinda yote yamesimama.

Jumamosi mwanangu akapita. Alitangulia kunipigia kwamba wanakwenda kwenye harusi upande wa huku, yeye na mkewe, na watasimama kidogo tu kunisalimia. Mkewe huyo nilikuwa sijamwona. Waliandikishana ofisini haraka, nikaambiwa mambo yamekwisha. Nilimjua kwa sauti: nesi wa wodi ya wazazi, sauti ya upole, kila simu anamalizia kwa kusema nimsalimie mtoto. Mimi nikawa namsalimia mtoto.

Bi Kwanini aliposikia, alivaa gauni la safari. Nililinyoosha likiwa mwilini, kwa viganja.

Mwanangu aliingia peke yake, suti nyeusi, viatu vinavyong'aa. Akasema mkewe yuko kwenye gari anamalizia simu, wala hatashuka, wamechelewa. Akaniamkia. Mtoto akamwamkia, akashikwa kichwa kidogo kama watu wanavyoshika tikiti sokoni kabla ya kuamua kutonunua.

Kisha Bi Kwanini akamwambia ana swali la hesabu limemshinda, na Baba ni fundi, amsaidie. Hakumwambia la nani. Alimtajia alama tu: kuna herufi, herufi hiyo ni kumi na tatu au zaidi, na papo hapo ni kumi na mbili au pungufu. Atafute namba.

Mwanangu hesabu anazipenda kweli. Kwa pasi hii nimemsomesha mpaka chuo, na zile alizokuwa anazifanya yeye zingenifungia chooni mwaka mzima. Akavuta kiti, akasahau kwamba wamechelewa. Akachukua chaki, akachora mstari kwenye shuka langu, viduara, mishale, haraka haraka, mkono wa mtu anayejua. Halafu akacheka.

"Hili halina jibu," akasema. "Ona. Ukitimiza hili, umeshavunja lile. Mwalimu gani huyu? Aliyetunga swali hili hakutaka lijibiwe."

"Umelitunga wewe," Bi Kwanini akasema.

Akamwelekeza kwa kidole, bila ukali, kama mwanafunzi anayemwonyesha mwenzake kwenye ubao. Hii ya huku ni lifti. Hii ya huku ni shule. Hiyo herufi ni mimi.

Nimewahi kuunguza nguo za watu. Kuna kitambo kidogo, baada ya harufu na kabla hujainua pasi, ambapo bado unajidanganya kwamba ni vumbi tu limeungua. Hicho ndicho kitambo nilichokiona kwenye uso wa mwanangu. Kisha akaanza kuongea. Akasema sheria hizo zinabadilika badilika. Akasema atamwona mkuu wa shule, wanajuana, ni suala la mazungumzo. Akasema kitanda chake kimeshanunuliwa, kipo chumbani, kimetandikwa, na mama yake mdogo, huyo aliye kwenye gari, kila siku anauliza mtoto atakuja lini, mpaka anamchosha.

Mtoto alikuwa anamsikiliza kwa mwili wote. Lile jina la mama mdogo, na kile kitanda, nikaona vinamwingia, nikaona anaanza kumsamehe. Hilo ndilo lililoniuma kuliko mengine yote. Uongo ulikuwa umekamatwa, umelala pale mezani kwa chaki, na huyu anatandika mwingine juu yake, na mtoto anasogea ili aupishe.

Mlango ukagongwa. Mkewe alikuwa ameshuka. Mwanamke mnene kidogo, mzuri, ameshika sehemu ya mbele ya gauni lake la hariri lililojikunja kwenye kiti cha gari, anacheka kwa aibu. Akaniamkia akipiga goti. Akaomba radhi kwa kuja na kazi siku ya kwanza, lakini ameambiwa mama ndiye bingwa, na hawezi kuingia harusini amejikunja hivi. Nikamwambia akae, pasi ipo. Mwanangu alikuwa amesimama wima kama mtu aliyekwama kati ya ghorofa mbili.

Mgeni akamgeukia Bi Kwanini, akafungua mikono.

"Wifi yangu," akasema. "Kumbe ni mkubwa hivi. Kaka yako ananiambia ni mtoto, mimi nikawa nanunua zawadi za watoto."

Mimi nilikuwa nageuza kitufe cha pasi kwenye namba ya hariri. Mkono ulibaki pale pale. Wifi. Dada wa mume. Nikamtazama mjukuu wangu, nikaona naye amelisikia, na anafanya kile anachofanya siku zote, anapanga. Anaweka neno hili hapa, lile pale, anatafuta yanapokutana. Kitanda kilichotandikwa. Mama mdogo anayeuliza kila siku. Wifi. Kaka yako.

Alikumbatiwa akiwa amenyooka kama ubao.

Mgeni hakuwa mjinga. Alimwachia mtoto, akanitazama mimi: nywele zangu, mdomo wangu wenye nafasi za kutosha kupangisha. Manesi wana namna yao ya kuuliza, utafikiri wanakujaza kwenye kadi. Akaniuliza kwa heshima, eti Mama ana miaka mingapi sasa. Nikamwambia sabini na mmoja. Akamwuliza mtoto. Kumi na miwili. Nikaona midomo yake inatikisika, inafanya hesabu ya kutoa. Huyo anazalisha watu kila siku; kwenye kazi yake mstari huo wa namba anaujua, unaanzia wapi na unaishia wapi.

"Mama," akaniambia polepole, "huyu ulimzaa ukiwa na hamsini na tisa?"

Hapo mwanangu akanitazama. Ni jicho ambalo sikuwa nimeliona tangu akiwa na suruali fupi, amevunja kioo cha jirani, anataka niseme ni paka. Na paka wengi sana nimewasingizia kwa ajili yake. Mtoto hakunitazama. Alikuwa anaangalia meza, ile mishale miwili, mmoja dirishani, mmoja mlangoni.

"Mwanangu," nikamwambia mkwe wangu, "mimi kiwanda nilikifunga siku nilipomzaa huyo uliyeolewa naye. Ndiye wa mwisho. Kama kuna mali imetoka baada ya hapo, kaulize tawi lingine."

Mwanangu akacheka. Kicheko kile nitakisikia mpaka nakufa. Akamshika mkewe bega, akamwambia asimjali mama, mama anapenda utani tangu zamani, watu wote wanamjua. Akasema huyu ni mdogo wake, wa mwisho kabisa, alikuja kwa bahati, hata daktari alishangaa. Akasema atamweleza vizuri njiani. Akasema harusi imeshaanza. Akaiweka chaki chini na kujifuta mikono, akavuta koti lake vizuri, akaanza kumsogeza kuelekea mlangoni, gauni likiwa bado limekunjika.

Bi Kwanini amekulia kwenye chumba hiki. Hawezi kuona nguo nyeusi ina doa akaiacha itoke. Akachukua brashi kwenye msumari wake, akamfuata, akamshika mkono wa koti mbele ya yule mwanamke.

"Simama kidogo, Baba," akasema. "Umejipaka chaki."